Mpira wa Utepe Mweusi

Jumapili ya mwisho kabla sijaondoka Mwanza tulicheza kriketi tukashinda, na ushindi wenyewe ulikuwa wa ujanja wangu. Ninaanza hapo kwa sababu siku ile ninaikumbuka yote, toka chai ya asubuhi mpaka jua kuzama. Zilizofuata ninazo vipande vipande, na vipande vyenyewe havikubali kukaa kwenye mstari.

Watu hushangaa wakisikia ofisa wa jeshi, mtoto wa mkulima wa mihogo kutoka Ukerewe, alikuwa anacheza kriketi. Wananiuliza si ni ule mchezo wa Wahindi? Ndiyo, huo huo. Nilifundishwa na Mzee Karimu, mwenye duka la vipuri vya injini pale mjini, ambaye babu yake alizaliwa Mwanza na yeye mwenyewe anasema Kisukuma kunishinda mimi. Nilikwenda dukani kwake nikiwa luteni mpya kununua plagi ya pikipiki. Badala ya kunipa plagi akanitazama viganja, akasema mikono hii inadaka. Wiki iliyofuata nilikuwa uwanjani nimevaa suruali nyeupe ya kuazima iliyoishia juu ya vifundo, na kambini wakapata la kunicheka mwezi mzima.

Mchezo wenyewe si mgumu kama watu wanavyoudhania. Mmoja anarusha mpira, mwingine anaupiga kwa gongo, wengine wametapakaa uwanjani wanausubiri. Ukipiga wakaudaka kabla haujagusa chini, umetoka. Mengine ni madoido.

Jumapili ile mpira uliligusa gongo langu kidogo mno, ukadakwa nyuma yangu. Mwamuzi hakuona. Wale jamaa walipiga kelele, mwamuzi akatikisa kichwa, nami nikainama nikajifanya ninafunga kamba ya kiatu. Nikaendelea kupiga, tukashinda. Wakati wa chai Mzee Karimu alikuja akakaa karibu yangu na kikombe chake.

"Uligusa?"

"Uligusa, Mzee."

"Mwamuzi hakuona, lakini wewe ulijua. Kwetu sisi anayejua ametoka, anatoka mwenyewe. Hangoji kunyooshewa kidole na mwamuzi."

Akamalizia chai yake, kisha akaenda kwenye gari akaniletea mipira miwili ya ngozi nyekundu, ya kwenda kupotezea muda huko niendako. Niliona aibu kidogo. Ikapita.

Nilikokwenda ni mashariki ya Kongo, kulinda amani, nikiwa kapteni mwenye kombania moja chini yangu. Kambi yetu ilikuwa kiwanda cha zamani cha kahawa pembeni ya mji mdogo, na ukuta wa matofali mrefu kuliko mtu. Nyuma ya ukuta kulikuwa na shamba la maharage, na nyuma ya shamba, kilima. Miezi ya kwanza haikuwa na vita yoyote ya kumsimulia mtu. Tulipiga doria, tulikula wali, tuliandika ripoti. Jioni nikawafundisha askari wangu kriketi.

Mbele ya wote alikuwa Koplo Shija. Huyu alitoka Kisesa, amekua akichunga ng'ombe, na jiwe lake lilikuwa linafika lilikotumwa. Mwanzoni aliniambia, afande, huu ni mchezo wa watu walioshiba. Baada ya wiki mbili ndiye alikuwa ananigongea mlango jioni kuulizia gongo. Nilimpenda yule kijana. Nasema kijana, lakini tayari alikuwa na mke na mtoto mmoja wa kike nyumbani, ambaye picha yake aliiweka ndani ya kofia.

Mipira ya Mzee Karimu haikuhimili mvua za kule. Ngozi ilivimba, nyuzi zikaachia. Tukapata mipira ya tenisi, ile ya manyoya, ambayo ni mepesi na inadunda ovyo, na mimi nikaizungushia utepe mweusi wa mafundi umeme ili itulie. Hilo ni wazo langu, sikulazimishwa na mtu. Ilitoka vizuri, myeusi, inang'aa, inakaa kwenye kiganja.

Mipira ikivuka ukuta ilikuwa inaangukia kwenye maharage ya Mama Faida. Huyu mama ndiye alikuwa anatufulia sare, mwanamke wa makamo, mwenye mkono wenye nguvu na ulimi usiolala. Mara ya kwanza alikuja getini kutugombeza. "Mupira yenu inaharibisha maharagi yangu," akasema, na askari wote wakapiga kimya kama watoto wa shule. Mwishowe tulipatana. Kila mpira ukiangukia kwake, angeurudisha juu ya ukuta, kwenye kona yenye tangi la maji, na kwanza angeita, "Mupira iyo!" Aliye karibu lazima audake. Ukianguka chini, Mama Faida anapata mche wa sabuni.

Basi ikawa mchezo ndani ya mchezo. Alikuwa anarusha kwa hila, mara juu sana, mara chini chini ukutani, halafu anasimama kimya upande wa pili kusikiliza kama mpira umedondoka. Ukidakwa, tunashangilia na yeye anatutukana. Ukidondoka, unasikia kicheko chake na kesho anakuja kudai sabuni. Nimekaa jeshini miaka mingi, na sikumbuki makubaliano mengine yaliyoheshimiwa na pande zote namna ile.

Siku yenyewe ilikuwa Jumanne. Shija alipiga mpira ukavuka ukuta. Tukasimama tunangoja ile sauti.

Tukasikia mlio kutoka kilimani.

Ilikuwa mizinga. Kombora la kwanza liliangukia mjini, la pili karibu na soko, halafu sikuhesabu tena. Kila mtu akakimbilia sehemu yake. Gongo lilibaki pale pale uwanjani, nalikumbuka limelala kwenye tope, na nakumbuka nikiwaza kwamba mbao itaharibika. Watu wanakufa mjini na mimi nawaza mbao! Ndivyo akili ilivyokuwa.

Siku mbili zilizofuata sizielewi hadi leo. Redio ilisema waasi wako kaskazini, baada ya saa moja ikasema wako kusini. Watu walimiminika kutoka mjini na magodoro, mbuzi, wagonjwa kwenye mikokoteni, wakajazana getini kwetu, kisha wakahamia upande mwingine kwa sababu mtu fulani alisema huko ndiko salama, kisha wakarudi. Sijui nani alimwambia nani. Na amri ikaja kwamba geti lifungwe, asiingie mtu, kwa kuwa adui amejichanganya na raia na katika kambi moja amerusha bomu la mkono juu ya ukuta. Kambi ipi, hatukuambiwa. Sijawahi kukutana na mtu aliyekuwepo.

Nilifunga geti. Nikawaambia askari wangu kwamba kitu chochote kikivuka ukuta walale chini, na mlinzi asifyatue risasi mpaka apate neno la ofisa. Niliwatazama watu nje kupitia nafasi ya geti. Nilimtafuta Mama Faida kwa macho, sikumwona, nikajipa moyo kwamba amekwenda kwa ndugu zake.

Asubuhi ya tatu palikuwa kimya, ukungu umeshuka hadi kwenye mapaa, mvua inapiga mabati ya stoo. Nilikuwa napita kwenye kona ya tangi la maji kukagua magunia ya mchanga. Juu yangu, kwenye kibanda cha ulinzi, alikuwepo Shija.

Kitu cheusi kikavuka ukuta.

Mikono ikainuka yenyewe. Mimi sikuiambia.

Nikadaka.

Sasa hapa naomba niende taratibu, maana ndiyo sehemu ambayo nimeisema uongo kwa muda mrefu kuliko nyingine yoyote maishani mwangu. Nilijua. Mpira wa tenisi uliozungushiwa utepe hauna uzito. Bomu la mkono ni chuma, linauvuta mkono chini. Ule ulitua viganjani kama kifaranga, nikausikia utepe uliolowa, nikajua ni ule wa Jumanne, nikajua umerushwa na nani. Na nilifurahi. Hilo ndilo linaloniua. Nilifurahi kwamba nimeudaka, mpira mgumu, wa ghafla, umetoka kwenye ukungu, na sabuni hapati. Nilisimama pale nautazama mikononi kama mtu aliyeokota kitu chake kilichopotea.

Juu yangu Shija alipiga kelele, "Bomu!"

Palikuwa na nafasi. Pumzi moja, labda mbili. Neno lilikuwa fupi, mpira, na mtoto mdogo analiweza. Sikulisema.

Risasi tatu.

Nikasikia Shija anahema.

Sikumsikia Mama Faida akiita kabla ya kurusha. Labda aliita, mvua ikammeza. Labda hakutaka kuita kwa kuogopa waliokuwa kilimani. Tulipotoka tulimkuta kwenye maharage yake, na pembeni yake furushi lililofungwa kwa nailoni. Ndani mlikuwa na sare zetu nne, zimefuliwa, zimekunjwa, kavu kabisa. Chini ya sare ilikuwepo sufuria yake, kitenge na picha ya harusi. Nimelifungua furushi lile kichwani mara elfu. Mtu anayerudisha nguo za watu habebi sufuria. Anayekimbia vita habebi sare za watu. Sijui alikuja kwa lipi. Ninachofikiri, na hakuna wa kunithibitishia, ni kwamba geti lilimkataa, akazunguka, akaupata mpira shambani, akaona huu ndio utakaotuambia ni yeye. Alikuwa anapiga hodi.

Shija alikaa chini kwenye tope, bunduki mapajani, akamwangalia. Hakulia. Alinitazama mikono, akaona mpira, akaniuliza kama nimeumia. Nilimwambia hapana.

Jioni ile nilisikia askari wakizungumza jikoni. Kapteni amelidaka bomu, walisema, yaani ameliona bomu linakuja na badala ya kulala chini akalidaka kwa mikono ili lisituue. Kwamba lilikuwa mpira, hiyo ni bahati tu, yeye hakujua. Nilisimama nje ya mlango na sahani yangu. Ningeingia nikawaambia. Nikaenda kula chumbani.

Baadaye walikuja maofisa watatu kuchunguza. Waliweka meza kwenye ghala la kahawa, wakamwita mmoja mmoja. Walikuwa watu wa haki, sina la kuwalaumu. Mkubwa wao aliniuliza swali moja la maana.

"Kapteni, kabla ya risasi, ulikuwa umekwisha tambua kwamba ni mpira?"

"Sikumbuki, afande. Mambo yalikwenda haraka."

Akaandika. Mambo hayakuwa yamekwenda haraka. Yalikwenda polepole mno, bado yanakwenda. Hata hivyo ukirudia neno "sikumbuki" mara nyingi, linaota mizizi, na kuna miaka niliamini kabisa kwamba sikumbuki.

Shija alikuwa amefyatua bila neno la ofisa. Alipoulizwa, hakunilaumu kabisa. Alisema kapteni alikuwa anahangaika na bomu mikononi, angetoaje amri. Walimwondoa jeshini. Mimi nilimaliza muda wangu, nikarudi Mwanza, nikapanda cheo, nikastaafu na saluti zote, nikajenga Pasiansi mahali ambapo asubuhi naliona ziwa nikiwa bado kitandani. Nilirudi uwanjani kwa Mzee Karimu mara moja tu. Mpira wa kwanza ulipokuja upande wangu nilirudisha mikono nyuma, ukapita. Mzee alinitazama, hakuniuliza kitu. Amekwisha fariki, Mungu amrehemu, na hakuniuliza hadi mwisho.

Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu ilikuwa ndefu, tena ya lami.

Mwaka huu Shija alinipigia simu. Huwa anapiga sikukuu tu, kunijulia hali, na kila mara ananiita afande kana kwamba jeshi halijamfukuza. Safari hii alikuwa na furaha. Yule binti yake wa kwanza, wa kwenye picha, amepata nafasi ya mafunzo ya jeshi. Anataka kuja Pasiansi kabla hajaripoti, aonane nami, nimpe neno. Amekua na habari zako, afande, akasema. Toka mdogo anajua lile la bomu. Ndilo limemfanya atake kwenda.

Nilijibu vizuri sana, hongera, karibuni sana. Nikakata simu, nikakaa kwenye ngazi ya nyuma. Mke wangu alikuja na maji akaniuliza nani amekufa. Nikamwambia hakuna. Kisha nikamwambia yote. Alisikiliza mpaka mwisho, akasema nisimngoje yule binti aje, niende mimi.

Nilikwenda Kisesa siku ya pili. Mpira nilikuwa nao kwenye mfuko wa koti. Ndiyo, nimeutunza miaka yote hii, ndani ya kopo la kahawa juu ya kabati. Mchunguzi aliurudisha kwangu baada ya kazi yake, na mimi ni nani wa kuutupa?

Shija alinipokea kama mgeni mkubwa. Shikamoo afande, marahaba, kiti, maziwa, maulizo ya nyumbani. Ana ng'ombe sita na mashine ya kusaga. Amenenepa, mvi zimeanza. Binti hakuwepo, alikuwa amekwenda mjini kufuatilia vyeti vyake, na nilishukuru. Tukakaa uani nyuma ya mashine. Nilikuwa nimepanga maneno njiani, mwanzo, kati, mwisho, kama ripoti. Yote yakapotea. Nikatoa mpira, nikampa.

"Ni ule?" akauliza.

"Ni ule."

Hakuwahi kuushika. Siku ile ulikuwa mikononi mwangu, kisha ukawa kidhibiti mezani, halafu yeye akaondolewa. Aliushika kwa vidole kwanza, kwa woga, kisha akauweka kiganjani. Akauinua. Akaushusha. Akaurusha juu kidogo, shibri moja, akaudaka, akafanya hivyo tena, na nikaona uso wake unabadilika. Huyu ni mtu aliyeshika mabomu ya mkono, anajua uzito wake, na mipira ile alikuwa anaipiga kila jioni. Hakuhitaji hotuba.

"Mwepesi," akasema.

Akaufumba ndani ya kiganja.

"Afande, huu ulipotua tu mkononi ulijua."

"Nilijua."

"Kabla sijapiga."

"Kabla hujapiga. Nilikuwa na nafasi ya kukuzuia, sikusema. Nilikuwa nauangalia. Nilifurahi nimeudaka." Nilitaka kuongeza kwamba naomba radhi, na nikaongeza, lakini nilisikia jinsi lilivyo dogo.

Mashine ilikuwa inaunguruma ndani, mtu anasaga mahindi. Shija aliendelea kuupima mpira. Nilitegemea atanitukana, na ningependa anitukane. Baadaye akaanza kusema, akiuangalia ule mpira. Alisema kumuua Mama Faida alikwisha kubali kwamba ni kwake, hawezi kumpa mtu mwingine ambebee. Kufukuzwa jeshi, alikubali. Kilichokuwa kinamwezesha kulala ni kitu kimoja tu, kwamba asubuhi ile, katika uchafu wote ule, alimwona kwa macho yake mtu akinyoosha mikono kulidaka bomu kwa ajili ya wenzake. Alisema alijiambia, nimefanya kosa, lakini nilikuwa karibu na mtu wa namna ile.

"Sasa hayupo," akasema.

Nilikwenda kule kutua mzigo. Niliutua, ndiyo. Nilimtwika yeye. Kama ningekaa kimya angekufa akiwa na kitu chake kizuri, na binti yake angekwenda jeshini na uongo wangu kwenye begi. Sijui lipi lilikuwa jema. Mzee Karimu alisema anayejua ametoka atoke mwenyewe, ila hakuniambia ufanyeje ukitoka umechelewa miaka yote hii, watu wamekwisha kwenda nyumbani.

Jua lilipoanza kushuka nikaaga. Alinisindikiza hadi barabarani, kama desturi, hatua kwa hatua. Alisimama nami mpaka gari likaja. Nilipoweka mguu kwenye ngazi akanishika kiwiko.

"Binti yangu nitamwambia mwenyewe, mzee Bwire," akasema. "Wewe usimwambie."

Miaka yote hajawahi kuniita kwa jina. Nikaitikia, nikapanda. Mpira alibaki nao.